Tangi Tupu si Tupu: Namna ya Kutoa Petroli kwenye Skuta na Pikipiki kwa Usalama

Katika kurasa za jarida hili la chama chetu mmezoea kusoma mashairi, hadithi na mijadala ya sarufi. Leo naomba mniwie radhi nikiwapeleka gereji. Kiswahili ni lugha ya kila kazi, na kazi ninayotaka kuieleza hufanywa karibu kila siku katika mitaa ya Malindi, Watamu, Kilifi hadi Mtwapa, na mara nyingi hufanywa ovyo. Kazi yenyewe ni kutoa petroli katika tangi la skuta au pikipiki.

Huenda mwenzangu akauliza, "Mambo ya gereji yanatuhusu nini sisi wanafunzi?" Yanatuhusu sana. Hebu tazama lango la shule siku ya kufunga muhula uhesabu bodaboda zilizokuja kuchukua masanduku yetu. Wangapi kati yetu baba zao, kaka zao au wajomba zao hupata riziki kwa pikipiki? Na wangapi wanaomaliza Kidato cha Nne huonekana mwezi unaofuata wameshika spana chini ya mwarobaini wakijifunza kazi? Hawa ni sisi wenyewe, tena karibuni tu.

Watu wetu husema ajali haina kinga. Methali hiyo ni ya kumfariji aliyekwisha kufikwa, wala si ruhusa ya kufanya uzembe. Ajali nyingi za petroli zina kinga, na kinga yake haina gharama kubwa. Inataka mtu aelewe jambo moja tu, nalo nitalieleza hapa chini. Akishalielewa, kila hatua ya kazi hii inajileta yenyewe.

Mimi nimebahatika kuwa na mjomba mwenye gereji ndogo hapa Malindi, upande wa Maweni. Likizo zangu nyingi nimezipitisha kwake, nikimpokeza spana na kumchosha kwa maswali. Niliyoyaona kwake nimeyaunganisha na tunayofundishwa darasani katika Fizikia na Kemia, na nimeona kwamba gereji na darasa havigombani hata kidogo.

KWA NINI MTU ATOE PETROLI?

Sababu ya kwanza ni maji. Wakati wa masika, kuanzia Aprili hadi Juni, mvua ya pwani hainyeshi kwa adabu. Mfuniko wa tangi ukiwa umechakaa mpira wake, maji hupenya. Maji ni mazito kuliko petroli, kwa hiyo huzama na kukaa chini ya tangi, pale pale ambapo koki huchotea. Pikipiki itakohoa, itazimika, na haitapona mpaka maji yale yatolewe.

Sababu ya pili ni petroli chafu. Katika vijiji vya bara, huko Ganze, Bamba na kwingineko, petroli huuzwa kwa chupa kando ya barabara. Si wauzaji wote ni wadanganyifu, lakini chupa haioneshi kilichomo. Wapo wanaochanganya petroli na mafuta ya taa ili wapate faida. Jambo hili lilienea sana nchini hata mwaka wa 2018 serikali ikaweka tozo ya shilingi 18 kwa kila lita ya mafuta ya taa ili kuwavunja moyo wachanganyaji.

Tatu, kuna kukosea. Mtu anatiliwa dizeli badala ya petroli, na injini inakataa. Nne, kuna kukaa kwa muda mrefu. Skuta ikifungiwa uani miezi sita, petroli huharibika na kuacha utando unaonata ndani ya kabureta. Tano, kuna kutu. Upepo wetu wa bahari una chumvi, na chumvi hula chuma. Tangi likitoboka, lazima liondolewe mafuta ndipo litengenezwe.

ADUI HASA NI NANI?

Sasa tufike kwenye lile jambo moja nililoahidi. Ukimwuliza mtu yeyote, "Ni nini kinachowaka petroli inaposhika moto?" atakujibu, "Petroli, bila shaka!" Jibu hilo halijakamilika. Petroli ya majimaji haiwaki ikiwa majimaji. Kinachowaka ni mvuke wake uliochanganyika na hewa. Mvuke huo hauonekani kwa macho. Mwoga wa petroli huangalia kilichomo mtungini, mjuzi huangalia kile kilichoukwepa mtungi.

Petroli hutoa mvuke wa kutosha kuwaka hata kwenye baridi ya nyuzi 40 chini ya sufuri. Hapa kwetu Malindi, ambapo hata usiku wa baridi ni kama nyuzi 22, petroli hutoa mvuke mchana na usiku bila kupumzika. Mafuta ya taa ni tofauti, maana yanahitaji kufikia joto la nyuzi 38 hivi ndipo mvuke wake uwake kwa kupitishiwa moto. Ndiyo sababu mama aweza kutia mafuta ya taa kwenye kandili akasalimika, ilhali akitia petroli katika kandili hiyo hiyo ataunguza nyumba.

Hebu tufanye hesabu ndogo. Chukua kikombe kile kidogo cha kahawa chungu, kiasi cha mililita 50. Kijaze petroli, kisha petroli yote ile igeuke mvuke. Utapata karibu lita 10 za mvuke. Mvuke wa petroli huweza kuwaka ukifika karibu sehemu moja na nusu tu katika kila sehemu 100 za hewa. Kwa hiyo lita 10 zile zinaweza kuharibu hewa ya kujaza mapipa matatu ya lita 200, na mapipa yote matatu yakalipuka kwa cheche moja. Kikombe cha kahawa, jamani!

Tena mvuke huu ni mzito kuliko hewa, mara tatu au nne. Haupandi juu kama moshi wa kuni. Hushuka chini, hutambaa ardhini kama nyoka, huingia mtaroni, hupita chini ya mlango, na hukusanyika mahali penye bonde. Ukikutana na moto umbali wa hatua kadhaa, moto hurudi kwa njia ile ile uliyopitia mvuke mpaka ufike kwenye mtungi. Mwuza kahawa anayepita na dele lake lenye makaa chini, mama anayekaanga viazi karai ng'ambo ya njia, kijana aliyesimama pembeni na sigara, wote hao wanaweza kuwa kiberiti chako bila wao kujua wala wewe kujua.

Ukubwa wa chombo haubadilishi tabia hii. Kule Sachangwan, karibu na Molo, tarehe 31 Januari 2009, watu walikusanyika kuchota petroli iliyomwagika kutoka kwa lori lililopinduka. Mtaa wa Sinai jijini Nairobi, tarehe 12 Septemba 2011, petroli ilivuja kutoka bombani ikaingia mtaroni. Msamvu mjini Morogoro, nchini Tanzania, tarehe 10 Agosti 2019, lori lilianguka na watu wakaja na mitungi yao, wengi wao wakiwa vijana wa bodaboda. Katika mikasa hiyo mitatu, kila mmoja uliua watu wapatao 100 au zaidi. Petroli ilikuwa inamwagika mbele ya macho ya watu, lakini mvuke ulikwisha kuwazunguka kabla hawajaona moto wowote.

MAHALI NA WAKATI

Mjomba husema, "Mpwa wangu, kabla hujashika spana, shika upepo." Maana yake ni kwamba ujue kwanza upepo unatoka wapi, kama afanyavyo nahodha. Miezi ya kaskazi, tuseme Desemba hadi Machi, upepo hutoka kaskazini mashariki. Miezi ya kusi hutoka upande wa kusini. Simama upepo ukikupiga mgongoni, na uhakikishe kwamba unakoelekea hakuna jiko, hakuna mwuza chakula, hakuna mtu anayechoma vyuma.

Kazi hii ifanywe nje, mahali peupe. Isifanywe ndani ya chumba, wala barazani, wala chini ya paa la makuti. Makuti yetu ni mazuri kwa ubaridi, lakini yakikauka hushika moto haraka kuliko karatasi, na huruka vipande vipande kwenda kuwasha nyumba ya jirani. Wala usiifanye karibu na shimo, mtaro au kisima.

Wakati mzuri ni asubuhi, jua halijawa kali. Saa saba mchana petroli hugeuka mvuke upesi zaidi. Usiku usijaribu kabisa, maana utalazimika kutafuta mwanga, na mwanga wa haraka huwa koroboi au kiberiti.

VIFAA

Vifaa vyenyewe si vingi. Tafuta mtungi maalumu wa petroli wenye mfuniko unaokaza, au debe safi la chuma lenye mfuniko. Usitumie chupa ya soda wala mtungi wa maji ya kunywa, kwani mtoto hajui kusoma rangi ya kilichomo. Tafuta mpira safi usiopasuka, bisibisi, koleo, matambara ya pamba, glavu, ndoo mbili za mchanga mkavu na kizima moto cha unga kama kipo. Mchanga na kizima moto viwekwe upande ule unaotoka upepo. Ukiviweka upande wa pili, siku ya moto utavitazama tu.

Nguo nazo ni vifaa. Vaa pamba. Nailoni ikisuguana na kiti au na mwili huzalisha umeme mdogo, ule unaosikika ukivua sweta gizani. Sisi huuona mchezo, lakini mvuke wa petroli huuona cheche.

Vile vile ujue tangi linachukua kiasi gani. Bodaboda nyingi huchukua lita 10 hadi 13, na Vespa za zamani karibu lita 8. Mtungi wa lita 5 hauwezi kupokea lita 9. Mtungi wenyewe usijazwe mpaka mdomoni, bali uachwe nafasi ya kama sehemu moja katika 10, kwa sababu petroli hutanuka ikipata joto.

HATUA KWA HATUA

Kwanza, acha chombo kipoe. Bomba la moshi la pikipiki iliyotoka safari huwa na joto la kuweza kuwasha mvuke hata bila cheche. Mjomba husubiri mpaka aweze kuweka kiganja chake juu ya bomba bila kukiondoa. Mteja akinung'unika kwamba anacheleweshwa, humwambia, "Bwana mdogo, kaa unywe maji. Pikipiki yako inapumzika, pumzika nayo."

Pili, ondoa watu na moto. Watoto wapelekwe mbali. Sigara izimwe, simu iwekwe kando, redio iliyounganishwa kwa waya izimwe.

Tatu, zima swichi, toa ufunguo, kisha fungua waya wa betri upande wa hasi. Fanya hivi kabla hujagusa kitu chochote chenye petroli. Ukisubiri mpaka mvuke umetanda ndipo ukachezee waya, cheche utaileta kwa mkono wako mwenyewe.

Nne, simamisha pikipiki kwa stendi ya katikati mahali pa sawa. Weka mtungi chini, juu ya ardhi yenyewe. Usiujaze ukiwa juu ya kiti, juu ya meza ya plastiki, wala ndani ya tuktuk, kwa sababu ardhi hunyonya umeme ule mdogo niliokwisha kuutaja. Gusa chuma cha pikipiki kwa mkono mtupu kidogo kabla ya kuanza.

Tano, funga koki. Legeza klipu ya mpira unaotoka kwenye koki kwenda kwenye kabureta, uchomoe upande wa kabureta. Kama ni mfupi, unganisha mpira mwingine mrefu. Ncha ya mpira ifike chini kabisa ya mtungi. Petroli inayoanguka kutoka juu ikirusharuka huzalisha umeme na mvuke mwingi, lakini inayoteleza kwa utulivu hutoa kidogo.

Sita, legeza mfuniko wa tangi ili hewa iingie, kisha fungua koki polepole. Ikianza kupungua, geuza koki iwe upande wa akiba ili kuchota mpaka chini. Simama hapo hapo mpaka kazi iishe. Hii si kazi ya kuacha ikijiendea ukaenda kununua mahamri.

Saba, petroli ikikoma, funga koki. Sasa ikumbuke kabureta. Chini ya bakuli lake huwa na skrubu ndogo. Kinga mkebe, ilegeze, na kile kilichobaki kitatoka. Maji na uchafu hupenda kujificha humo, na wengi wakisahau hatua hii hurudi wakisema, "Fundi, mbona bado yakohoa?"

Nane, kaza mfuniko wa mtungi na uupeleke mbali kwenye kivuli kabla ya kufanya kitu kingine chochote. Matambara yaliyolowa yatandazwe nje yakauke, yasikunjwe kwenye kona ya gereji. Rudisha mipira, kaza klipu, tia petroli safi kidogo, utazame kama panavuja. Harufu ikiisha kabisa ndipo urudishe waya wa betri, na uwashe.

NYIGU WA KIITALIANO NA SKUTA ZA KISASA

Skuta hutaka maelezo yake ya pekee. Hapa Malindi na Watamu Waitaliano wamekuwa majirani zetu kwa miaka mingi, tangu enzi za miaka ya 1960 kilipoanza kituo cha kurushia roketi cha San Marco kule Ngomeni. Kwa hiyo si ajabu fundi wa hapa kuletewa skuta ya Vespa. Vespa hutengenezwa na kampuni ya Piaggio tangu mwaka wa 1946, na jina lake kwa Kiitaliano maana yake ni nyigu. Tuktuk za kampuni hiyo hiyo huitwa Ape, yaani nyuki. Basi barabara zetu zina nyigu na nyuki, na wote wawili huuma wasipoheshimiwa.

Tangi la Vespa ya zamani liko chini ya kiti. Koki yake huwa na herufi tatu za Kiitaliano: A ni wazi, C ni kufungwa, na R ni akiba. Anayedhani C ni mwanzo wa neno "chota" atajishangaza. Mpira wake nao umejificha ndani ya mwili wa skuta, ndiyo maana ni rahisi zaidi kutoa petroli kwa kupitia mdomo wa tangi.

Skuta nyingi za miaka ya karibuni hazina koki ya kugeuza kwa mkono. Koki yake hufunguliwa na mvuto wa hewa wa injini, yaani injini isipozunguka, petroli haishuki. Unachomoa mpira, unangoja, hupati hata tone. Nyingine zina pampu ya umeme ndani ya tangi, na petroli hukaa kwenye mpira kwa shinikizo, hivyo mpira ukichomolewa ghafla hukurukia usoni. Za namna hii mpelekee fundi anayezijua. Hapo ndipo vijana wengi hukata tamaa, wakachukua mpira wakautia mdomoni.

MDOMO SI PAMPU

Kuvuta petroli kwa mdomo nimeona kukifanywa mbele ya watu kwa majivuno, ati ndiyo ufundi. Huo si ufundi. Petroli ni nyepesi mno. Tone dogo likiingia njia ya hewa badala ya njia ya chakula, husambaa ndani ya mapafu na kuyachoma. Mtu atakohoa kidogo, atacheka, atasema ni mzima. Saa kadhaa baadaye pumzi humwia ngumu.

Dawa ya jambo hili ni pampu ya mkono, nayo haina bei ya kutisha. Sisi watu wa pwani hata hatuhitaji kwenda mbali. Wavuvi wetu wenye mashine za boti wanakijua kile kipira cha kukamua kilicho kwenye njia ya petroli kati ya tangi na mashine. Ndani yake mna vali zinazoruhusu petroli kwenda upande mmoja tu. Mjomba anacho kimoja alichokiunga mipira pande zote mbili. Ncha moja huiingiza kwenye tangi, nyingine mtungini, akakamua mara nne au tano, na petroli ikajiendea yenyewe. Mdomo wake huutumia kwa kahawa na mazungumzo.

TANGI TUPU SI TUPU

Sasa nifike kwenye kichwa cha makala haya. Tuseme petroli yote imetoka, tangi limetikiswa, halitoi hata tone. Je, hatari imekwisha? La hasha! Ndiyo kwanza imeanza.

Tangi lililojaa halina nafasi ya hewa. Juu ya petroli mvuke huwa mzito mno hata hauwezi kuwaka humo ndani, kwani ukipita karibu sehemu saba na nusu katika 100 moto hukosa hewa ya kutosha. Lakini ukilimwaga tangi hilo, hewa huingia kuchukua nafasi, na matone machache yaliyoganda kwenye kona na kwenye kutu huendelea kutoa mvuke. Hapo ndipo mchanganyiko hufikia kile kipimo kibaya, kati ya moja na nusu na saba na nusu. Tangi limekuwa bomu lenye ngozi ya chuma.

Kwa hiyo mtu anayechukua tangi "tupu" akalipeleka kwa mchomeleaji wa jua kali, na huyo mchomeleaji akaligusa kwa moto, wote wawili wamekaa mbele ya mzinga. Kuliacha wazi juani siku moja hakutoshi. Kulisuuza mara moja kwa maji hakutoshi. Mafundi wanaojua huliosha mara nyingi kwa maji ya moto na sabuni, hulijaza maji mpaka karibu na tundu linalozibwa ili mvuke ukose pa kukaa, na huacha mdomo wa tangi wazi. Hata hivyo, hiyo ni kazi ya fundi aliyefunzwa, si ya mwanafunzi wala ya mwenye pikipiki. Tundu dogo linaweza kuzibwa kwa gundi ya chuma isiyohitaji moto, na tangi lililooza linunuliwe jingine. Bei ya tangi ni ndogo kuliko bei ya macho.

PETROLI ILIYOTOKA IENDE WAPI?

Usiimwage mchangani. Ardhi yetu ya pwani ni mchanga na matumbawe, hunyonya kila kitu, na visima vyetu si virefu. Unachokimwaga leo nyuma ya gereji chaweza kunuka kesho katika ndoo ya jirani. Usiimwage mtaroni pia, kwa sababu mvuke utasafiri nao.

Petroli iliyoingia maji yaweza kuachwa itulie ndani ya mtungi uliofungwa. Maji yakizama, petroli ya juu huvutwa taratibu kwa pampu na kuchujwa. Iliyoharibika au iliyochanganyika na dizeli apewe fundi, yeye ndiye ajuaye pa kuipeleka. Andika kwenye mtungi kwa herufi kubwa: PETROLI CHAFU. Na narudia kwa mkazo: isitiwe kwenye kandili, koroboi wala stovu ya mafuta ya taa, na isimwagwe juu ya makaa ati kuuharakisha moto.

MAMBO YAKIHARIBIKA

Petroli ikishika moto, usiimwagie maji. Petroli huelea juu ya maji, na maji yataubeba moto kwenda usikotaka. Tumia unga wa kizima moto au mchanga. Kama moto umekuzidi, kimbia, ita watu, piga 999 au 112. Usirudi kuokoa pikipiki.

Mtu akishika moto asikimbie. Alale chini, abiringike, afunikwe kwa blanketi au gunia zito. Mahali palipoungua pamwagiwe maji safi ya baridi kwa dakika 20. Hakuna dawa ya meno, hakuna yai, hakuna unga wa ngano. Kisha hospitalini mara moja.

Aliyemeza petroli asitapishwe, maana ikirudi juu ndipo huingia mapafuni. Maziwa si dawa yake, ingawa wazee wengi huyasifu, kwani huweza kumfanya atapike. Apelekwe hospitalini hata akisema hana neno. Iliyoingia machoni ioshwe kwa maji mengi kwa dakika 15. Nguo zilizolowa zivuliwe mbali na moto.

HITIMISHO

Ndugu wasomaji, yote niliyoyaeleza yanatoka katika chanzo kimoja: kinachowaka hakionekani. Ndiyo maana tunasubiri injini ipoe, tunautazama upepo, tunafungua betri mapema, tunaweka mtungi ardhini, na hatuliamini tangi tupu. Anayeshika hatua bila kujua sababu ataisahau mojawapo siku ya haraka. Anayejua sababu hata akikuta skuta ngeni asiyopata kuiona atajua la kufanya.

Ombi langu ni dogo. Likizo hii kila mmoja wetu amweleze mtu mmoja wa nyumbani: kaka mwenye bodaboda, mjomba wa gereji, jirani anayeuza petroli kwa chupa, au mvuvi mwenye mashine ya boti. Ukimweleza mkubwa wako, mweleze kwa heshima na kwa Kiswahili cha kueleweka, usimkoromee kwa maneno ya vitabuni. Akikuuliza, "Wewe mtoto, umeyajulia wapi haya?" mwambie umeyasoma katika jarida la shule. Tahadhari kabla ya hatari.